UZI: Ndege iliyoishinda sauti, mawe ya Kericho, na swali la "nani aliulizwa?"

Wiki mbili zilizopita nilikuwa nyumbani Konoin, Bomet, nimekaa kwenye kituo cha kupima chai nikingoja lori. Kijana mmoja akawasha simu, sauti juu kabisa, tukasikiliza kipande cha mdahalo. Mmoja anasema utafiti ni anasa ya nchi tajiri, pesa iende barabarani. Mwingine anajibu kwamba nchi isiyofanya utafiti itabaki kuchuma chai milele. Watu wa pale waliwapigia makofi wote wawili. Wote wawili! Nikasema hii lazima niiandikie uzi.

Sheria za ukurasa huu mnazijua: hatutaji jina la mwanasiasa, hatutaji chama. Tunachukua hoja moja inayorudi kila msimu wa kampeni na kuiuliza ilitoka wapi. Leo ni hii: je, serikali iweke pesa ya mlipa kodi kwenye teknolojia kubwa ambayo mwananchi wa kawaida hataigusa?

Mfano mzuri kuliko yote niliousoma mwaka huu ni ule wa ndege ya abiria inayopita kasi ya sauti. Najua unajiuliza hiyo inahusianaje na Kericho. Tulia, tutafika. Tutapitia Nairobi kwanza.

Novemba 1962 Uingereza na Ufaransa zilitia saini mkataba wa kujenga pamoja ndege ya Concorde. Kenya ilikuwa bado koloni. Makadirio ya gharama yalikuwa chini ya pauni milioni 200. Kufikia wakati ndege inaanza kubeba abiria, Januari 1976, gharama ya utafiti na ujenzi ilikuwa imepita pauni bilioni 1.

Usicheke haraka. Kazi yenyewe ilikuwa ngumu kwelikweli. Ndege ikienda mara mbili ya kasi ya sauti, hewa inajibana mbele yake na kupata joto. Pua ya Concorde ilipanda zaidi ya nyuzi 100 huko juu ambako hewa ya nje ni baridi kuliko friji yoyote. Mwili wa ndege ulirefuka kwa sentimita kadhaa ikiwa angani, halafu ukarudi ikitua. Bawa lilikuwa la pembetatu kwa sababu ya kasi, lakini bawa hilo likitaka kutua polepole linainua pua juu sana hadi rubani haoni njia. Suluhisho lao? Pua inayoinama. Walifanya hesabu nyingi za hayo kwa karatasi, kwa vyumba vya kupulizia upepo, na kwa kompyuta ambazo simu yako ingezidharau. Machi 1969 ikaruka kwa mara ya kwanza kutoka Toulouse. Wasovieti walikuwa wamewatangulia kwa miezi miwili: Tu-144 yao iliruka tarehe 31 Desemba 1968.

Kwa hiyo kama swali ni "iliwezekana?", jibu ni ndiyo. Lakini kwenye siasa hilo huwa swali dogo.

Sehemu ninayoipenda ni ya mwaka 1964. Serikali mpya inaingia Uingereza, inafungua vitabu, inaona deni, inataka kujitoa. Wanasheria wanasoma mkataba na kugundua hauna kifungu cha kujitoa. Hata kimoja. Ukijitoa, mwenzako anaweza kukupeleka mahakama ya kimataifa na bado ukalipa. Basi wakaendelea. Kila mwaka hoja ikawa ileile: tumeshatumia nyingi mno kuacha sasa.

Hii hoja unaijua. Ni ya mtu aliyenunua ng'ombe mgonjwa, na kila wiki anamlipa daktari wa mifugo, na ukimwambia amuuze anakuuliza, "Na zile nilizolipa?" Zile zimeshaenda, ndugu. Swali ni shilingi inayofuata. Ukisikia mtu kwenye mdahalo anatetea mradi kwa kutaja kiasi kilichokwisha kutumika, hajakupa sababu bado. Amekusomea risiti tu.

Mashirika mengi ya ndege yaliweka maombi ya kununua, jumla zaidi ya ndege 70. Mapema 1973 mashirika makubwa ya Marekani yakajitoa, mwaka huohuo bei ya mafuta ikapaa, na maombi yakayeyuka. Zilijengwa ndege 20 tu pamoja na za majaribio, na 14 ndizo zilizofanya kazi ya kubeba abiria, zote kwa mashirika mawili ya nchi zilezile mbili zilizojenga. Zile za mwisho zilizokosa mnunuzi zilikabidhiwa kwa pauni 1 na faranga 1. Mlipa kodi wa Bristol aliyekuwa hawezi kununua tikiti alikuwa ameilipia tajiri nauli ya kwenda New York kwa saa tatu na nusu.

Hapo yule wa "utafiti ni anasa" anapata pointi. Mpe.

Sasa tuende kwenye kelele, kwa sababu hapa ndipo wengi hukosea hata kwenye komenti za kurasa kubwa. Watu hudhani ule mshindo hutokea mara moja tu, ndege inapovuka kasi ya sauti, halafu basi. Sivyo. Fikiria mashua ya injini Ziwa Victoria. Ikikimbia kuliko mawimbi yake, inaburuta mkia wa mawimbi nyuma yake muda wote, na kila anayesimama ufukoni anapigwa zamu yake ikifika. Ndege nayo inaburuta mkia wa sauti namna hiyo, safari nzima. Kwa ndege inayoruka kilomita 18 juu, ukanda unaosikia mshindo chini unafika karibu kilomita 100 kwa upana. Ipitishe juu ya Sotik na hakuna mtu wa Kericho wala Bomet atakayesema hakusikia.

Marekani nao walikuwa na mradi wao, mkubwa zaidi na wa kasi zaidi, ukilipiwa na serikali. Kabla ya kujenga walitaka kujua watu watavumilia kiasi gani. Basi mwaka 1964, kwa takriban miezi sita, ndege za jeshi zilipitishwa juu ya mji wa Oklahoma City zikipiga mshindo mara nane kwa siku, kuanzia asubuhi. Mishindo zaidi ya 1,200 kwa jumla. Vioo vilivunjika. Kesi zikaenda mahakamani. Mwishoni takriban robo ya waliohojiwa walisema hawawezi kuishi na kitu kile.

Wakubwa waliisoma takwimu hiyo kwa kusema robo tatu wamekubali! Si uongo. Lakini hebu jiulize: kama robo ya kaunti yako inasema haiwezi kuishi na kitu, hiyo ni idhini ama ni tatizo? Mtu akikuletea asilimia, muulize swali lililoulizwa lilikuwaje, na waliojibu walikuwa na chaguo gani. Wale wa Oklahoma City walianza kuhojiwa mishindo ikiwa tayari inapiga.

Machi 1971 Seneti ya Marekani ilikata pesa za mradi, kura 51 kwa 46. Mwaka 1973 sheria ikakataza ndege za kiraia kuruka kwa kasi hiyo juu ya nchi kavu ya Marekani. Concorde ikabakia ndege ya baharini. Na si wakubwa tu waliosema hapana. Desemba 1977 safari ya London hadi Singapore kupitia Bahrain ilianza, na baada ya safari tatu tu za kwenda na kurudi ikasimamishwa kwa sababu Malaysia ilikataa mshindo juu ya anga lake. Ilirudi mwaka 1979, ikafa kabisa 1980. Nchi iliyokuwa koloni imeiambia iliyokuwa bwana wake: anga hili si lako. Mimi hapo nilisimama kusoma nikanywa chai kwanza.

Sasa Nairobi.

Wakati Seneti inajadili pesa, mwanasayansi mmoja, James McDonald, alikuja mbele ya kamati ya Bunge la Marekani akasema kundi kubwa la ndege hizi likiruka huko juu linaweza kupunguza ozoni, mionzi ya jua ikaongezeka, na saratani ya ngozi ikaongezeka. Kamati haikuishughulikia hesabu yake. Ilimkumbusha kwamba aliwahi kuchunguza habari za visahani vya angani. Watu wakacheka. Mbinu hiyo haijazeeka hata kidogo: hoja ikikushinda, mshambulie aliyeileta.

Alikosea kwenye baadhi ya maelezo, maana alitazama zaidi mvuke wa maji. Lakini Paul Crutzen mwaka 1970 alikuwa ameonyesha kwamba oksidi za nitrojeni ndizo zinazokula ozoni, na Agosti 1971 Harold Johnston akachapisha hesabu kwamba ndege 500 za aina hiyo zingeweza kuitoboa sana ngao hiyo. Angalia tarehe lakini. Kura ya Seneti ilikuwa Machi. Kwa hiyo ukisoma mahali kwamba "ozoni iliua ndege ya Wamarekani", jua mtu amepanga historia ipendeze. Kilichoiua zaidi ni pesa na kelele.

Hata hivyo swali lilikuwa limeshaulizwa, na halikurudi kwenye chupa. Serikali ya Marekani ikalipia uchunguzi wa miaka kadhaa wa hewa ya juu, kwa sababu tu ya ndege ambayo ilikuwa imeshakataa kuijenga. Maarifa hayo yakawa tayari mezani mwaka 1974 Mario Molina na Sherwood Rowland waliposema hatari kubwa zaidi iko kwenye gesi za friji na mikebe ya kupulizia. Crutzen, Molina na Rowland walipewa tuzo ya Nobel ya kemia mwaka 1995.

Na nani angeitisha nchi zote mezani? Shirika la Umoja wa Mataifa la Mazingira, lililoundwa mwaka 1972 na kupewa makao Nairobi baada ya nchi zinazoendelea kusukuma hilo kwa kura. Shirika la kwanza la Umoja wa Mataifa kuwa na makao makuu katika nchi za Kusini. Mwaka 1977 likaandaa mpango wa kwanza wa dunia kuhusu ozoni. Mwaka 1985 ukaja mkataba wa Vienna, mwaka 1987 Itifaki ya Montreal, ambayo leo kila nchi mwanachama wa Umoja wa Mataifa imeiridhia. Mwaka 2016 ikafanyiwa marekebisho Kigali, hapa jirani. Sekretarieti yake iko Gigiri. Unapita na matatu karibu na lango lake.

Kwa nini mchuma chai ajali? Kwa sababu ozoni ni nyembamba zaidi maeneo ya ikweta, jua letu liko wima, na mashamba ya Kericho yako karibu mita 2,000 juu ya bahari. Mionzi huko ni mikali hata siku ya mawingu. Sisemi tuna tundu la ozoni, hatuna. Upungufu mkubwa ulikuwa Antaktika. Nasema hatukuwa na akiba ya kuchezea.

Hapo yule wa "tufanye utafiti" anapata pointi. Lakini tazama ni utafiti gani uliomletea. Faida kubwa ilitoka kwa waliouliza ndege itafanya nini kwa hewa ya watu wengine, wala siyo kwa ndege.

Sasa nyumbani. Wakati Toulouse wanaunganisha Concorde, juu ya Kericho kulikuwa na utafiti wa angani pia, na wengi wenu hamjui.

Kericho na Nandi ni kati ya sehemu zinazopigwa sana na mvua ya mawe duniani. Takwimu inayonukuliwa kila mahali ni siku 132 za mawe kwa mwaka mmoja. Aliyewahi kuona michai baada ya mawe anajua: majani yamechanika kama yametafunwa, na unangoja wiki nyingi chipukizi lirudi. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 walijaribu roketi za kulipuka, zinarushwa kutoka chini kuelekea wingu. Kuanzia 1967 zikaja ndege. Rubani anafuata wingu linalojijenga alasiri na kulimwagia iodidi ya fedha. Wazo ni kwamba chembe nyingi za barafu zitagawana maji, kila jiwe libaki dogo, liyeyuke kabla ya kufika. Mtaalamu aliyeongoza kazi hiyo alikuwa Thomas Henderson kutoka California.

Ilifaulu? Ripoti za wenye mradi zilionyesha hasara imepungua. Shida ni kwamba mradi ulikuwa wa kulinda chai kwanza, kupima baadaye. Ukilifuata kila wingu unalolihofia, utajuaje ambalo lingejifia lenyewe? Ungehitaji kuacha mengine bila kuguswa, kwa kura, na hakuna mwenye shamba anayetaka wingu lake liwe lile la kuachwa. Namwelewa. Lakini basi usije kwenye mdahalo ukasema "ilithibitishwa".

Halafu kuna kitu kimoja ambacho mimi nikikisoma nilicheka peke yangu kwenye maktaba. Mwaka 1982 Russell Schnell na mwenzake walichapisha utafiti kwamba takataka za majani ya chai yenyewe, yale yaliyooza chini ya michai, ni chanzo kizuri cha chembe zinazoanzisha barafu. Wachumaji wakipita wanatifua vumbi lile, linapanda na hewa ya mchana. Inawezekana chai inasaidia kujitengenezea mawe. Roketi, ndege, fedha, wataalamu kutoka ng'ambo, na sehemu ya jibu huenda ilikuwa chini ya viatu vya mama anayechuma.

Na ndiyo maana nikasema hii ni hoja ya leo. Mei 2023 mashine za kuchuma chai zilichomwa Kericho, na mtu alikufa kwenye vurugu zile. Kabla ya hapo jopo la kaunti lilikuwa limependekeza uwiano wa 60 kwa 40 kati ya mashine na mikono. Watu wanapigana kuhusu uwiano, lakini ukisikiliza vizuri, hasira ni ya zamani zaidi: mashine zilifika, zikafanya kazi miaka mingi, ndipo mtu akaja kuuliza wachumaji wanaonaje. Senge wangu, dada ya baba, alichuma miaka 11 kwenye shamba moja kubwa. Alijua kazi imeisha alipoona mashine imefika upande wake wa shamba. Hakupata hata mkutano. Oklahoma City angalau walipigiwa simu.

Katiba ya 2010 inaweka ushiriki wa wananchi kwenye kifungu cha 10 kama tunu ya taifa, na kifungu cha 42 kinatupa haki ya mazingira safi. Hakuna mahali panaposema ushiriki uje baada ya kitu kununuliwa. Kwa hiyo mtu akisimama kukwambia yuko "upande wa teknolojia" au "upande wa ajira", mwache amalize, halafu muulize ratiba. Tutaulizwa lini? Kabla ya zabuni au baada?

Na tafadhali, akikuahidi uwanja wa ndege wa kimataifa ili "chai ifike sokoni haraka", mkumbushe kwa heshima kwamba chai yetu inapelekwa mnada wa Mombasa na kusafiri kwa meli, ndani ya kontena. Chai kavu haina haraka hiyo.

Kuhusu ndege zenyewe, hadithi inarudi. Concorde ilistaafu mwaka 2003, miaka mitatu baada ya ajali ya Paris iliyoua watu 109 ndani na 4 chini. Lakini Januari 2025 kampuni binafsi ya Marekani ilipitisha kasi ya sauti kwa ndege yake ya majaribio, na Juni mwaka huo Ikulu yao ikaagiza marufuku ya 1973 iondolewe. Oktoba 2025 ndege ya NASA, X-59, iliruka kwa mara ya kwanza. Ina pua ndefu ajabu, na imeumbwa ili mshindo usambae uwe kama mlango wa gari unaofungwa kwa jirani. Mpango ni kuipitisha juu ya miji kadhaa ya Marekani na kuwauliza wakazi wamesikia nini, kisha majibu yapelekwe kwa wanaotunga viwango vya dunia nzima. Viwango hivyo vitafika hadi kwenye anga letu. Maoni yatakuwa ya watu wa huko.

Hii ya mwisho si ya kitabu. Jioni ileile baada ya lori kuondoka, nilimuuliza kogo, ambaye alichuma chai miaka ya sabini, kama anakumbuka ndege za mawe. Anazikumbuka. Zilikuwa zinazunguka alasiri, akasema, na wengine walidai zinaiba mvua. Nikamuuliza kama kuna siku msimamizi au mtu yeyote aliwahi kuwaeleza zinafanya nini kule juu.

Akanitazama kama nimeuliza kitu cha kitoto. "Walitueleza kilo," akasema, akaendelea kupepeta maharagwe.